Mtindi Mzito wa Matango kwa Mikate ya Karamu

Mafunzo kwa akina mama, vijana na vikundi vya upishi katika nyanda za juu za Kasulu na Kibondo

1. SABABU YA MAFUNZO HAYA

Katika nyanda za juu za Kasulu na Kibondo, pamoja na Buhigwe na Kakonko zilizotengwa nazo mwaka 2012, sherehe hazikosi. Kuna harusi, ubatizo, kipaimara, Idi na mahafali ya shule. Mara nyingi wageni hupewa chai kwanza, kabla ya chakula kikubwa, na pamoja na chai huletwa mikate mitupu, au mikate iliyopakwa siagi ya kopo. Hivyo fedha hutoka nyumbani kwenda dukani, hali maziwa yamo zizini na matango yamo bondeni.

Karatasi hii yafundisha namna ya kufanya chakula cheupe, kizito na laini, kwa mtindi na matango, cha kupakwa katikati ya vipande viwili vya mkate. Mikate hiyo hukatwa vipande vyembamba mfano wa vidole, mgeni avishike kwa mkono mmoja na kikombe kwa mkono wa pili. Watu wengi huita mikate ya namna hii sandwichi.

Kazi yenyewe si ngumu, wala haitaki jiko la umeme. Lakini yataka uangalifu katika mambo mawili. Kwanza, maji yaliyomo ndani ya tango na ndani ya mtindi hayana budi kutolewa, ama sivyo mkate utalowa kabla mgeni hajaupokea. Pili, chakula hiki hakipikwi baada ya kuchanganywa. Kwa hiyo uchafu wowote utakaoingia utaliwa kama ulivyo. Mwenye kushika mambo haya mawili atafanikiwa. Mwenye kuyapuuza atapoteza mikate yake, na pengine atawaumiza wageni wake. Wazee walisema, "Mgeni njoo, mwenyeji apone." Itakuwa aibu kubwa mwenyeji akipona na mgeni akiugua.

2. ASILI YA CHAKULA HIKI

Tango ni mmea wa jamaa moja na boga na tikiti. Asili yake ni Bara Hindi, na huko watu tangu zamani huchanganya matango na mtindi, wakaita raita. Chakula hicho chajulikana pia katika miji yetu ya pwani. Wagiriki nao wana mchanganyiko wao wa mtindi uliochujwa, matango na kitunguu saumu, uitwao tzatziki.

Desturi ya kutia matango katikati ya mkate na kuula pamoja na chai ya alasiri ilienea Uingereza katika zama za Malkia Victoria, aliyetawala tangu 1837 hata 1901. Nako Marekani, katika mji wa Louisville, alikuwako mpishi wa karamu jina lake Jennie Benedict, mwishoni mwa karne ya 19 na mwanzo wa karne ya 20. Yeye alisifiwa kwa chakula cha kupaka cha matango, kitunguu na jibini laini. Jibini ya namna ile haipatikani kwa urahisi vijijini mwetu. Lakini mtindi uliochujwa vema katika kitambaa hukaribia sana jibini hiyo kwa uzito na kwa ladha, na ng'ombe wa kuutoa tunao.

3. MATANGO

Ujue ya kuwa tango ni maji karibu yote. Katika gramu 100 za tango, gramu 95 hivi ni maji. Ndiyo sababu hulimwa vema penye unyevu, na ndiyo sababu pia huharibu mkate lisipokamuliwa.

Kulima. Wakati wa kiangazi, tangu Juni hata Septemba, panda matango katika bustani za mabondeni ambako maji hayakauki. Chimba mashimo, tia samadi iliyooza, na mwagilia asubuhi. Tango huanza kuchumwa baada ya siku 50 au 60 hivi tangu kupandwa mbegu. Mmea una maua ya kiume na maua ya kike, na katika aina nyingi nyuki ndiye abebaye chavua kutoka ua hata ua. Wakulima wa Kibondo, ambao ufugaji wa nyuki ni kazi yao ya siku nyingi, hawahitaji kuambiwa faida ya mdudu huyo. Basi usinyunyize dawa ya wadudu asubuhi wakati maua yamefunguka. Ukinyunyiza dawa yoyote, soma katika chombo chake ni siku ngapi zapasa kupita kabla ya kuchuma, nawe uzitimize.

Kuchagua. Chuma tango likiwa kijani, gumu, na mbegu zake bado ni laini. Tango lililogeuka manjano limepita wakati wake. Mbegu zake ni ngumu na nyama yake ni chachu. Tango moja zito la kadiri ni bora kuliko moja kubwa lenye uwazi ndani.

Kuonja. Kabla ya kulitumia tango lo lote, kata kipande chembamba upande wa kikonyo ukionje. Mmea uliokosa maji kwa siku nyingi huweza kuzaa matango machungu. Uchungu kidogo mara nyingi hukaa upande wa kikonyo na chini ya ganda, nao huondoka ukikata sehemu hiyo na kumenya. Lakini likiwa chungu hata ndani, litupe. Uchungu mkali ni dalili ya sumu ya asili iliyomo katika mimea ya jamaa hii, nayo huweza kuleta tumbo la kuuma na kutapika. Chumvi haiwezi kuiondoa.

Kuosha. Osha matango kabla ya kumenya, wala si baada. Kisu kikipita katika ganda lenye udongo hupeleka udongo ndani. Tumia maji yaliyochemshwa yakapoa, au yaliyotiwa dawa ya kusafishia maji kwa kipimo kilichoandikwa. Mwaka 2015 kipindupindu kiliingia Kagunga, kando ya Ziwa Tanganyika katika mkoa huu wetu wa Kigoma, wakati wakimbizi kutoka Burundi walipokusanyika huko kwa maelfu. Watu walikufa. Ugonjwa ule hupitia katika maji na katika vyakula visivyopikwa. Kwa hiyo neno hili la maji safi si maneno ya kupamba karatasi.

4. MAZIWA NA MTINDI

Hapa ndipo penye hatari kubwa kuliko zote, nasi twamwomba msomaji asome polepole.

Kuchemsha. Maziwa mabichi huweza kuchukua vijidudu vya kifua kikuu, na vya ule ugonjwa unaowafanya ng'ombe watupe mimba. Mtu akiupata ugonjwa huu wa pili hushikwa na homa ijayo na kuondoka, maumivu ya viungo na uchovu wa miezi mingi. Na mwanamke mwenye mimba huweza kuiharibu. Ng'ombe mwenye vijidudu hivyo huweza kuonekana mzima kabisa. Huwezi kumjua kwa macho, wala maziwa yake huyajui kwa harufu.

Wako wasemao ya kuwa ukali wa mtindi wenyewe huua vijidudu. Usitegemee neno hilo. Ukali huvidhoofisha, lakini baadhi yake huishi siku kadhaa katika mtindi. Dawa ya hakika ni moto. Katika nchi hizi zetu za juu, ambazo sehemu nyingi zapita meta 1,200 juu ya bahari, na nyingine zapita meta 1,500, maji huchemka kabla ya kufika digrii 100; penye meta 1,500 huchemka kwa digrii 95 hivi. Joto hilo latosha kabisa. Yachemshe maziwa hata yapande na kufura, kisha punguza moto uyaache yaendelee kutokota kwa dakika chache huku ukikoroga yasiungue.

Kupoza. Funika sufuria, uiweke ndani ya beseni la maji baridi. Ngoja hata maziwa yawe ya uvuguvugu tu. Dondosha tone moja juu ya kiwiko cha mkono. Usipoona joto kali wala baridi, yamefaa. Yakiwa ya moto sana yataua mbegu ya mtindi. Yakiwa baridi sana hayataganda vema.

Mbegu ya mtindi. Katika kila lita moja ya maziwa tia vijiko viwili vya mezani vya mtindi mzuri wa jana. Huo ndio twauita mbegu, kwa kuwa hai iliyomo ndani yake huzaa na kugandisha maziwa mapya. Angalia sana: mbegu nayo itokane na maziwa yaliyochemshwa. Ukichemsha maziwa kwa bidii, kisha ukatia kijiko kimoja cha mtindi wa maziwa mabichi, umerudisha vijidudu ulivyoviua, na kazi yako ya moto imekuwa bure. Kama huna mbegu ya hakika, nunua kikombe kimoja cha mtindi wa kiwanda usiotiwa sukari.

Chombo. Mababu zetu waliweka maziwa katika vibuyu, na kuvisukasuka hata siagi ikatoka. Kibuyu ni chombo cha heshima. Lakini mwili wake una vitundu vidogo ambavyo huhifadhi vijidudu vya maziwa ya zamani, wala hakichemshiki. Kwa kazi hii tumia sufuria, au chupa ya kioo, au ndoo safi yenye kifuniko, vyote vimeoshwa kwa sabuni na kusuuzwa kwa maji ya moto.

Kugandisha. Funika chombo, ukizungushie blanketi, ukiweke mahali pasipo upepo. Usiku wa Kasulu una baridi, hasa Juni na Julai, kwa hiyo mtindi huchelewa kuliko huko Ujiji au Kigoma Mjini. Ngoja muda wa saa 12 hata 18. Usiutikise. Ukishika kama uji mzito uliopoa, na harufu yake ni ya ukali wa kupendeza, uko tayari. Ukiwa na mapovu mengi, au rangi nyekundu au kijani, au harufu ya uvundo, umwage.

Kuchuja. Chukua kitambaa cheupe cha marekani au cha shashi. Kichemshe katika maji kwa dakika tano, kikamue, ukitandike juu ya chujio, na chini yake weka bakuli. Mimina mtindi, kusanya ncha nne za kitambaa, funga, kisha utundike mfuko huo mahali pa baridi usiku mmoja, umefunikwa inzi wasiufikie. Maji ya manjano hafifu yatadondoka bakulini. Asubuhi utakuta ndani ya kitambaa kitu cheupe kizito, kama siagi iliyolainika. Lita moja ya mtindi hutoa yapata gramu 400. Maziwa ya ng'ombe wetu wa kienyeji ni machache, lakini yana mafuta zaidi kuliko ya ng'ombe wa Kizungu wenye madoa meupe na meusi. Kwa hiyo mtindi wake ni laini zaidi. Hii ni faida yetu.

5. VIPIMO

Vipimo hivi vyatosha mikate miwili ya ngano, yaani vidole 60, kwa wageni 20 wakila vitatu vitatu.

Maziwa: lita 1 na robo, ili baada ya kuchemka yabaki lita 1 au zaidi kidogo.
Mbegu ya mtindi: vijiko 2 vya mezani.
Matango: 3 ya kadiri, yapata gramu 750 pamoja na maganda.
Chumvi: kijiko cha chai 1 na nusu.
Kitunguu: kidogo 1.
Maji ya ndimu: kijiko cha chai 1.
Pilipili manga iliyosagwa: robo ya kijiko cha chai.
Majani ya giligilani au nanaa yaliyokatwa: kijiko cha mezani 1, ukipenda.
Siagi ya kupaka kwanza: gramu 200.
Mikate ya ngano: 2, iliyookwa jana.

Kwa wageni 40, zidisha kila kitu mara mbili. Usizidishe kwa kukisia, hasa chumvi.

6. KUTENGENEZA

Kwanza, nawa mikono kwa sabuni hata kwenye viwiko, na kucha ziwe fupi. Mwenye kuhara, au mwenye kidonda cha mkono, asishike kazi hii siku hiyo. Apewe kazi ya kuni au ya kupanga viti. Hii si dharau, ni ulinzi.

Pili, menya matango. Yapasue kwa urefu, ukwangue mbegu kwa kijiko. Mbegu na utelezi wake ndizo zenye maji mengi kuliko nyama.

Tatu, yakwaruze kwa bati lenye matundu la kukwaruzia karoti. Kama huna bati, katakata kwa kisu vipande vidogo sana.

Nne, tia chumvi yote katika matango, changanya, uache dakika 30. Chumvi huvuta maji yatoke ndani ya tango. Utayaona yamejaa bakulini, hata ushangae.

Tano, tia matango katika kitambaa kilichochemshwa, usokote na kukamua kwa nguvu. Ukidhani umemaliza, pumzika kidogo, kisha kamua tena. Gramu 750 ulizoanza nazo zitabaki gramu 200 na kitu. Usisikitike kwa kupungua huko. Yaliyotoka ni maji yaliyokuja kuharibu mkate wako.

Sita, kwaruza kitunguu, ukikamue katika kitambaa, utumie vijiko viwili vya chai vya maji yake tu. Nyama ya kitunguu kibichi hufunika ladha ya tango, na harufu yake hukaa kinywani mwa mgeni siku nzima.

Saba, tia mtindi mzito katika bakuli, uupige kwa mwiko hata uwe laini usio na madonge. Tia matango, maji ya kitunguu, ndimu, pilipili manga na majani. Changanya taratibu. Onja kwa kijiko safi, wala usikirudishe bakulini.

Nane, usiongeze chumvi sasa. Chumvi iliyobaki katika matango yatosha. Ukiongeza nyingine itaanza tena kuvuta maji, na chakula kitakuwa majimaji katika muda mfupi. Ladha ikipungua, ongeza ndimu au pilipili manga.

Jaribio. Chota kijiko kimoja, ukigeuze juu chini. Chakula kikishikamana na kijiko, kimefaa. Kikidondoka, hakijafaa: kirudishe katika kitambaa kwa nusu saa.

7. MIKATE

Mkate wa jana ni bora kuliko wa leo, kwa sababu mkate mpya hubonyea na kupasuka chini ya kisu. Ukate vipande vyembamba kwa kisu chenye meno. Mkate mmoja mkubwa hutoa vipande 20, ukiacha vile vya mwisho.

Paka kila kipande siagi nyembamba hata ukingoni. Watu wengi huiacha siagi wakidhani ni anasa. Sivyo. Siagi ni kama bati juu ya nyumba: huzuia maji yaliyobaki yasiingie katika mkate. Siagi ya nyumbani yafaa sana, mradi imetokana na malai ya maziwa yaliyochemshwa. Samli haifai kwa kazi hii penye joto, kwa kuwa huyeyuka mapema.

Juu ya kipande kimoja weka vijiko viwili vya mezani visivyojaa vya mtindi wa matango, usambaze, kisha funika kwa kipande cha pili, upande wa siagi ukitazama ndani. Gandamiza kidogo kwa kiganja. Kata kingo ngumu za pande nne, kisha gawa vipande vitatu kwa urefu. Futa kisu kwa kitambaa safi kila baada ya kukata, ili weupe wa mkate usichafuke.

Panga vidole katika sinia, ufunike kwa kitambaa chenye unyevu kidogo, kilichochemshwa na kukamuliwa sana. Mkate usipofunikwa hukauka na kujikunja ncha.

8. KUHIFADHI

Mtindi mzito peke yake, katika jokofu, hukaa siku tatu au nne. Ukisha kuchanganywa na matango ni vema uliwe siku ile ile. Mikate iliyopakwa isingoje nje ya jokofu zaidi ya saa mbili, na siku ya joto kali isizidi saa moja. Kilichobaki mezani baada ya muda huo kisiwekwe kwa ajili ya kesho, wala wasipewe watoto jioni.

Wasio na jokofu wafanye hivi. Weka bakuli lililofunikwa ndani ya beseni la maji, juu yake tandika kitambaa kilicholowa, ncha zake ziguse maji, na beseni likae kivulini penye upepo. Maji yanapokauka kutoka katika kitambaa huchukua joto pamoja nayo. Njia hii husaidia sana wakati wa kiangazi. Wakati wa masika hewa imejaa unyevu, kitambaa hakikauki, na ubaridi ni mdogo. Kwa hiyo katika miezi ya mvua changanya karibu na saa ya karamu, wala usitegemee beseni.

Kama karamu ni mbali, chukua mtindi mzito katika chombo chake, matango yaliyokamuliwa katika chombo cha pili, na mikate iliyopakwa siagi katika sanduku. Changanya na kupaka huko huko.

9. MAKOSA YA DESTURI NA SABABU ZAKE

Mkate umelowa. Matango hayakukamuliwa mara ya pili, au siagi haikufika ukingoni, au chumvi iliongezwa mwisho.

Chakula ni kikali mno. Mtindi uliachwa muda mrefu mno, au mahali pa joto. Wakati mwingine uchuje mapema. Leo changanya na malai kidogo yaliyochemshwa yakapoa.

Chakula kina madonge. Mtindi haukupigwa peke yake kabla ya kutiwa matango.

Chakula ni kichungu. Matango hayakuonjwa moja moja. Tango moja chungu huharibu bakuli zima.

Mtindi haukuganda. Mbegu ilitiwa maziwa yakiwa ya moto, au baridi ya usiku ilizidi.

10. VITU VISITUPWE

Maji yaliyochujwa katika mtindi yana chakula ndani yake. Yatumie badala ya maji katika kukanda unga wa mkate au wa chapati, au katika uji, siku ile ile. Maganda ya matango wapewe mbuzi au nguruwe. Kingo za mikate zikaushwe juani zikiwa zimefunikwa chandarua, zitwangwe, na unga wake utumike kuzungushia samaki kabla ya kukaangwa. Migebuka ya Kigoma hupendeza sana kwa njia hii. Maji ya matango yenye chumvi yasimwagwe bustanini, kwa kuwa chumvi si rafiki wa udongo.

11. MPANGO WA SIKU TATU

Karamu ikiwa Jumamosi saa 9 alasiri, fanya hivi:

Alhamisi jioni: chemsha maziwa, yapoze, tia mbegu, funika.
Ijumaa asubuhi hata adhuhuri: tazama kama mtindi umeshika. Nunua mikate. Chuma matango jioni, jua likiwa limepungua.
Ijumaa jioni: chemsha kitambaa, chuja mtindi.
Jumamosi saa 5: osha, menya, kwaruza na kukamua matango.
Jumamosi saa 7: changanya, uonje, uweke mahali pa baridi.
Jumamosi saa 8: paka mikate, kata, funika.

Kikundi kigawane kazi: mmoja ashike maziwa tangu mwanzo hata mwisho, naye awe ndiye wa kuulizwa kama yalichemshwa. Kazi ya watu wote bila mwenyewe ni kazi isiyo na mtu. Wenye nia ya kuuza chakula hiki waandike pia gharama za maziwa, matango, mikate, siagi na kuni, kisha wagawe kwa idadi ya vidole, ili wajue bei isiyowapa hasara kabla ya kupokea fedha za mwenye sherehe.

12. MASWALI YA KUJIPIMA

1. Kwa nini mbegu ya mtindi nayo itokane na maziwa yaliyochemshwa?
2. Chumvi hutiwa katika matango wakati gani, na kwa nini isiongezwe mwisho?
3. Utafanya nini ukikuta tango moja ni chungu hata ndani?
4. Kazi ya siagi katika mkate ni nini, zaidi ya ladha?
5. Kwa nini beseni la maji na kitambaa hufaa kiangazi kuliko masika?
6. Mikate iliyopakwa yaweza kukaa nje muda gani kabla ya kuliwa?

Mwenye kuweza kujibu maswali haya bila kufungua karatasi ameelewa somo. Na ajaribu kwanza nyumbani kwake, kwa mkate mmoja na nusu ya vipimo, kabla ya kuwafanyia wageni. Akifanikiwa, amfundishe jirani. Akishindwa, arudi katika fungu la 9 atafute sababu. Chemsha maziwa, kamua matango mara mbili, paka mikate saa ya karamu ikiwa karibu: hayo matatu yakishikwa, sinia litarudi jikoni tupu, na wageni watarudi makwao wazima.